Niliunganisha ludo ya wizi na akaunti ya mama

Kosa ni langu peke yangu, nalisema mwanzo ili mtu asijisumbue kunitetea. Jina msiniulize. Kismayu hii ukipiga chafya sokoni, jioni mtu wa bandarini anakuuliza mafua yamekuanza lini. Nimeshaumbuka vya kutosha ndani ya nyumba yetu.

Mimi ni fundi cherehani. Nashona madiraa na sare za madrasa, nina watoto wawili, ni mtu mzima mwenye akili zake. Nawaambia hayo mapema kwa sababu nikifika kwenye nililolifanya mtadhani mnasoma habari za mtoto wa miaka kumi.

Nilitaka kumshinda wifi yangu ludo.

Ndiyo, ludo ile ya simu, yenye kete na dadu. Wifi yangu Zulekha, mke wa kaka yangu, anakaa mtaa wa pili. Kila siku baada ya alasiri yeye kwake, mimi kwangu kwenye cherehani, tunacheza. Na kila siku ananifunga. Angenifunga akanyamaza ningevumilia, lakini yule mwanamke akishinda lazima anitumie sauti. "Pole wifi, rudi ukashone." Anaivuta ile "ukashone" mpaka unataka kuitupa simu kisimani.

Siku alipokula kete yangu ya mwisho ikiwa imebakisha hatua mbili kufika nyumbani, niliapa.

Sasa nimo kwenye kundi moja la simu la mafundi cherehani, watu wanatumiana mishono. Katikati ya picha za mikono ya magauni ya bafta, mtu kaweka ludo. Si ile ya kawaida. Ni mchezo uleule, ila kuna watu wameuvunja na kuupanga upya, ukiwa nayo dadu inakutii: ukitaka sita, unabonyeza pembeni, inakuja sita. Chini ameandika, "Furahieni." Nikasema moyoni, nitafurahi.

Simu yenyewe ilinionya, jamani. Iliandika kwamba faili hili linaweza kuleta madhara. Nikabonyeza endelea. Ikaniuliza nina hakika? Nikabonyeza endelea tena, kwa hasira, utadhani simu ndiyo iliyokula kete yangu.

Ikafunguka. Kumbe dadu haitii hivihivi, inataka kwanza uunganishe mchezo na akaunti ya mtandao wa kijamii. Ludo ya kawaida tulikuwa tunaingia kama wageni, haikuuliza lolote. Hii ikaleta ukurasa wa kuweka namba na neno la siri, umefanana kabisa na wa mtandao wenyewe, isipokuwa maneno mawili yalikuwa yamekosewa herufi. Niliyaona. Nikajisemea huenda aliyeandika alikuwa na haraka.

Na hapa ndipo ubaya wenyewe. Mimi sina akaunti yangu. Akaunti iliyomo kwenye simu yangu ni ya mama.

Niwaeleze hiyo akaunti ni kitu gani kwetu. Mama ni mzaliwa wa kisiwa cha Chula. Vita vilipoanza, yeye na baba walipakiwa chomboni na watu wengine wakateremshwa Mombasa, na huko ndiko nilikokulia na kusoma mpaka tuliporudi. Mdogo wake wa pekee, mama mdogo Mwanakheri, alikuwa huku Kismayu kwa wakwe zake. Wakapoteana. Mama alikaa miaka na miaka hajui kama ana mdogo au ana marehemu. Mimi ndiye niliyemfungulia akaunti, nikaweka jina lake na picha yake, nikaandika ni binti wa nani na mtaa gani wa Chula. Miezi minane baadaye mwanamke mmoja aliyeko Ulaya akaandika chini ya ile picha, "Huyu ni mchu wetu." Alikuwa ni Mwanakheri mwenyewe, vita vilimfikisha huko.

Sisi Wabajuni hatusemi mtu, tunasema mchu. Mama alipolisikia neno lile nikimsomea, alikaa chini palepale penye maji ya kufulia.

Tangu hapo, kila Ijumaa baada ya sala, wale wawili wanaonana kwa kamera. Mama hutia wanja, huvaa mtandio wa maua, huiegemeza simu kwenye kopo la sukari, na wanaanza kusengenya watu waliokufa zamani. Namba ya simu ya mama mdogo hatukuwahi kuichukua. Ya nini, na akaunti ipo?

Hiyo ndiyo akaunti niliyoiweka kwenye ludo ya wizi. Ikatumwa tarakimu ya kuthibitisha kwenye simu yangu, nayo nikawapa kwa mikono yangu miwili.

Nikamshinda Zulekha. Siwezi kuwadanganya, ilikuwa tamu. Sita nne mfululizo, kete zinatoka nyumbani kama watoto waliofunguliwa chuoni. Nikamtumia sauti: "Pole wifi, kapike." Hakujibu. Nilishona siku ile huku naimba.

Kesho yake asubuhi akaunti haikufunguka. Neno la siri limekosewa, inasema. Nikaliandika tena polepole, herufi kwa herufi. Limekosewa.

Mchana kaka yangu akanipigia. Ustadhi wa madrasa ya watoto amepokea ujumbe kutoka kwa mama. Umesema, "Je, huyu ni wewe kwenye video hii?" na kiungo cha kubonyeza. Ustadhi anauliza kwa heshima zote, video gani? Haukupita muda, ukoo mzima umeulizwa na mama kuhusu video. Jioni picha ya mama, na ushungi wake na macho yake ya upole, ilikuwa inauza miwani ya jua.

Zulekha naye akauliza. "Wifi, mama ana nini?" Nikamwambia simu imeingia virusi. Hapo ningesema kweli yote yangekwisha, maana Zulekha ana akaunti yake na mama mdogo anamfahamu, huwa wanapeana salamu. Ningemwambia tu, muandikie mama mdogo kwamba tumeibiwa. Lakini angeniuliza tumeibiwa vipi. Na ningelazimika kuitaja ludo, na zile sita nne, na ile "kapike".

Sikutaka. Hilo ndilo ungamo langu, ndugu zangu, zaidi ya akaunti. Akaunti niliipoteza kwa ujinga. Yaliyofuata nilifanya kwa kiburi.

Ijumaa ya kwanza mama katia wanja, kakaa, kaegemeza simu kwenye kopo. Nikamwambia mtandao umekatika mji mzima. Akasema basi, Ijumaa ijayo.

Wiki ile nikafungua akaunti mpya, nikamtafuta mama mdogo, nikamwandikia. "Assalamu alaykum mama mdogo, mimi ni mtoto wa dada yako, akaunti yetu imeibiwa na mtu." Nikaeleza vizuri, kwa Kiswahili changu cha shule ya Mombasa, na nukta na mkato. Aliusoma. Hakujibu. Nilipotaka kuandika tena nikakuta amenifungia.

Ijumaa ya pili mama katia wanja tena. Nikamwambia simu inajirekebisha, haitaki kuguswa. Akaiangalia simu, akaniangalia mimi, akavua mtandio akaukunja.

Ijumaa ya tatu hakutia wanja. Alibaki jikoni anapika mofa. Nikamuuliza, mama, leo hukai? Akasema, "Mwanakheri amenichoka. Ana wachu wake huko sasa." Kisha akageuza mkate.

Nilikuwa nimeshika mkasi. Niliuweka chini, nikamwambia yote pale pale jikoni. Ludo, dadu, kundi la mafundi, miwani. Niliongea mbiombio kama mtu anayemeza dawa chungu.

Mama alinisikiliza mpaka mwisho. Kwanza akauliza, "Ulimshinda lakini?"

Nikasema nilimshinda.

"Kwa wizi."

Kwa wizi, mama.

Akaupua mkate, akaweka mwingine. Halafu akasema kwa sauti ndogo, "Ijumaa mbili wanitazama nakaa pale na wanja wangu, na wewe wajua." Ningependa anipige.

Nikavaa buibui nikaenda kwa Zulekha kwa miguu, nikamkuta anachambua mchele. Nikamweleza. Akaunti ya mama ilimsikitisha, sitaki kumsingizia, lakini kilichomwinua kwenye mkeka ni zile sita. "Sita nne, wifi. Mimi sikulala. Nilimwambia mume wangu, dada yako amesoma dua gani?" Akanisema mpaka mchele ukaisha kuchambuliwa. Kisha akachukua simu yake, akafunga ushungi, akasema twende kwa mama.

Kuandika hatukutaka tena. Tulimpa mama simu ya Zulekha azungumze, tumtumie mdogo wake sauti. Tulitarajia ataongea kwa huruma, maneno ya dada na mdogo wake. Mama akaishika simu mbali na mdomo kama sinia la moto, akasema: "Mwanakheri, we mchu gani usojibu? Nimekukosea nini? Mjinga wa hapa kaiuza akaunti yangu kwa mchezo. Kama umenichoka niambie nijue." Akaturudishia simu. "Haya, itumeni."

Haikupita hata robo saa, simu ya Zulekha ikalia. Kamera ikawaka. Mama mdogo alikuwa amevaa nguo za ndani ya nyumba, hana hata ushungi kichwani, analia mpaka pua imevimba. Alikuwa hatuoni sisi, anamtafuta mama tu.

"Dada, niliambiwa umekufa," alisema.

"Nani kakwambia?" mama akauliza.

Hakuna aliyemwambia. Aliona akaunti ya dada yake inauza miwani. Kisha ikamwandikia, "Wewe ni mtu muhimu sana kwangu, bonyeza hapa." Akasema, dada yangu hajapata kusema mtu maishani mwake, na tangu tuzaliwe hajaniambia mimi ni muhimu. Akajua si yeye. Ijumaa dada hakutokea. Halafu akaja mwingine na akaunti mpya, naye anaandika mtu, anajiita mtoto wa dada. Akawaza, simu ya dada imo mikononi mwa watu wasiojulikana, na dada hana wa kumtetea. Zulekha aliogopa kumuuliza, huenda yake nayo imeibiwa. Dada hayupo tena.

"Nimekusomea hitima," akasema mama mdogo. "Jumamosi iliyopita. Nimewaita Wabajuni wote wa mji huu, tumekusomea, tumekulilia."

Mama akaisogeza simu karibu na uso wake. "Mlipika nini?"

"Pilau."

"Ya nyama?"

"Ya kuku, dada. Nyama huku ghali."

"Kuku," mama akasema. "Mimi nimekufa, na wewe wanipikia kuku."

Mama mdogo akaanza kucheka huku analia, na mama naye akaanza, na Zulekha akakaa chini akashika mbavu. Mimi sikuweza kucheka. Nilitoka nikasimama ukutani nje nikalia, maana nilikuwa namuona mwanamke yule Ulaya, peke yake, anazunguka nyumba za watu kuwaalika kwenye hitima ya dada aliyemtafuta miaka yote ile, na dada yuko hapa anakunja mtandio.

Yameisha, mtasema. Yameisha nusu. Ile akaunti haikurudi mpaka leo. Mama ana akaunti mpya, na namba ya mama mdogo nimeiandika kwenye simu, kwenye daftari la vipimo na nyuma ya mlango kwa chaki. Ludo nimeifuta. Zulekha bado ananiita Bi Sita mbele za wageni, na nanyamaza, nimestahili.

Lakini Ijumaa sasa si kama zamani. Mama akipiga, mama mdogo hawashi kamera mara moja. Anapokea sauti tu, ananyamaza, na mama lazima aseme kwanza. Aseme maneno mengi, amuulize habari, ataje watu, na upande wa pili kimya, unasikia tu mtu anapumua na kusikiliza. Wakati mwingine ni dakika nzima. Mama haoni taabu, anaongea mpaka anaaminiwa. Mimi nipo kwenye cherehani, naacha kushona mpaka uso wa mama mdogo utokee.

Basi wewe unayesoma hapa, na kidole chako kiko juu ya neno "unganisha" kwa sababu ya dadu, au sarafu, au silaha za bure, hiyo akaunti usidhani ni yako peke yako. Fungwa ludo, ndugu yangu. Fungwa kila siku, na ukaambiwe ukashone. Mimi nimemfundisha mwanamke mmoja kumwogopa dada yake, na hilo sijui hata nianzie wapi kulifuta.