Punje ya Kileleni

Fundi viatu wa kijiji cha Buganguzi huikunja soli, huinusa, kisha huulamba uzi kabla ya kuutunga sindanoni. Kamwe haulizi kiatu kinakwenda wapi. Ila Agnetha alipompelekea buti za kupandia Kilimanjaro, safari yake ya kwanza, mikono ile ilisita. Akamtilia kiganjani punje mbili za kahawa ya kutafuna, ile ya kumkaribishia mgeni. "Moja yako, mwanangu. Nyingine iache kileleni, na mimi nihesabiwe nimefika."

Leo Agnetha amezirudisha buti, soli zimebanduka. Mlima ulimshinda huku kilele akikiona. Fundi haziangalii soli, anamwangalia yeye.

"Tulifika?"

Punje ya fundi ingali mfukoni mwa Agnetha. "Bado, tata," akamjibu, kama amwitavyo babaye.

Fundi akaulamba uzi. "Basi kaa, nizishone vizuri zaidi."