Mkono Uliofika Sikioni

Usiku ule wa kuamkia shauri langu nililala mapema, kama alalavyo mtu aliyekwisha kuzipanga karatasi zake. Nilikuwa mpima ardhi wa wilaya, na barua ya kustaafishwa ilikuwa imenifikia miaka miwili kabla ya wakati, kwa sababu jalada langu la utumishi, lililofuata daftari la shule, lilinitaja kuwa mzee kuliko nilivyokuwa. Cheti changu cha ubatizo kilisema kweli. Wakili wa mwajiri akadai kilitengenezwa juzi. "Leta maandishi mengine," hakimu alikuwa ameniambia, "la sivyo nitaamini daftari la shule." Baba mdogo alijitolea kuapa kwamba nilizaliwa wakati wa mvua kubwa. Nilimkatalia. Wakati huo yeye alikuwa akikata mkonge mbali na kwetu. Habari za mvua alihadithiwa tu.

Usingizini nikajiona nimesimama katika uwanja wa shule yetu ya zamani. Ni asubuhi, umande bado uko majanini. Mbele ya mstari ameketi Mwalimu Matayo, ambaye jeneza lake nililibeba kwa bega hili. Shati lake jeupe limenyooshwa kwa pasi ya mkaa. Anaandikisha wanafunzi wapya kwa kipimo chake cha siku zote: mtoto hupitisha mkono juu ya kichwa, na vidole vikigusa sikio la upande wa pili, basi ametimiza miaka saba.

Lakini anayetangulia mstarini ni hakimu, na joho lake.

"Pitisha mkono, Mheshimiwa."

Hakimu anapitisha. Vidole vinaishia kwenye upara.

"Bado mdogo. Rudi mwakani."

Uwanja mzima unaangua kicheko, na hakimu mwenyewe anapangusa machozi kwa joho. Wakili wa mwajiri anajaribu kuinamisha kichwa ili sikio liukaribie mkono; Mwalimu anamgonga begani kwa chaki. "Hila hiyo, wewe!" Nami, nisiyependa mzaha katika mambo ya sheria, nacheka hadi mbavu zinaniuma.

Kisha wakubwa hawapo tena. Mbele yangu amesimama dada yangu Eliza, mtoto mfupi wa miaka sita na ushee. Mkono wake haufiki. "Bado," anasema Mwalimu. Zamu yangu inafika. Mikono yangu ni mirefu. Vidole vinalishika sikio na kulipita.

"Saba!" Mwalimu anaandika.

Eliza ananifinya. "Mwongo! Mimi ndiye niliyekubeba mgongoni!"

"Mwalimu," nasema, na sauti yangu ni hii ya uzee, "nilikuwa na miaka mitano. Ulichoandika kimenifikisha mahakamani."

Anainua macho. "Nilipima mkono, Zakaria. Umri sikuuliza."

"Basi njoo kesho useme hivyo."

"Ushahidi wa marehemu, tena ndotoni? Wewe ndiwe utakayekuwa wa kwanza kuukataa." Anacheka kwa upole, kisha anaelekeza kalamu kwa Eliza. "Mtazame aliyekuwa mbele yako."

Nikaamka. Kulikuwa kumepambazuka. Mkono wangu wa kulia ulikuwa juu ya kichwa, vidole vimeshika sikio la kushoto, na wote umekufa ganzi.

Ndoto sikuiamini, sijawahi kupima shamba kwa ndoto. Lakini jambo moja lilikuwa la kuhakikishwa, nami nikapiga simu.

"Shikamoo, dada."

"Marahaba. Nani amekufa?"

"Hakuna. Kadi yako ya ubatizo ya utotoni ipo?"

"Ipo, ndani ya Biblia ya mama. Kwani wanataka kunibatiza upya?"

"Nisomee tarehe ya kuzaliwa na jina la mama."

Nikasikia kurasa zikifunuliwa. Akasoma polepole, mpaka muhuri wa parokia. Niliandika tarehe ile kando ya tarehe ya daftari la shule, nikatoa, nikarudia kutoa.

"Unahesabu nini huko?" aliuliza.

"Dada, serikalini mimi ni kaka yako. Nimekutangulia kwa miezi mitano."

"Miezi mitano? Mama yule yule?"

"Yule yule."

Alicheka mpaka simu ikakwaruza, nami nikacheka naye, nimekaa kitandani na fulana.

"Nisubiri mlangoni pa mahakama, kaka mkubwa," alisema alipopata pumzi. "Nakuja na kadi. Nakuja kukurudisha mgongoni."