Milima ya Atlas Nilipoihamishia Kusini

Asubuhi ile nilitoka kwa dada yangu, kijijini Rugu, bila kujua naenda wapi. Nikapata lifti kwenye lori la ndizi, na alasiri dereva akanishusha Kimuli kwa sababu ndiko alikokuwa anapakia. Mvua ilikuwa inakuja. Kwenye nyumba ya kwanza, bibi mmoja na mkwe wake walikuwa wanakimbizana kuondoa kahawa iliyoanikwa uani. Nikainama nikasaidia bila kuuliza.

Tulipoingiza mkeka wa mwisho, mkwe akafungua kitabu cha jiografia. Aliniambia aliacha shule alipopata mimba, na kesho yake alikuwa anakwenda kufanya mtihani wa QT, ule wa watu wanaojisomea nje ya shule. Alilisema hilo bila kuona haya.

Mimi niliishia darasa la sita, lakini nayapenda majina ya milima tangu nilipoona ramani kwenye ukuta wa duka moja mjini Kayanga. Nikayamwaga: Himalaya iko Asia, Andes iko Amerika ya Kusini, Alps iko Ulaya.

"Kumbe ni mwalimu," bibi akasema. "Nimembebesha mwalimu kahawa kama kibarua."

Nikacheka tu. Akaniletea kahawa kavu ya kutafuna kwenye kisahani, kama anavyopewa mgeni wa heshima, na akaagiza nitandikiwe kitanda cha mwanawe mdogo aliyeko Mwanza.

"Na Atlas, mwalimu?" mkwe akauliza.

"Kusini mwa Afrika," nikajibu upesi. "Drakensberg ndiyo kaskazini."

Akakifunika kitabu. "Mimi nilishika kwamba Atlas iko kaskazini, jirani na Sahara. Ndiyo maana nafeli."

Aliposema Sahara, nikaiona akilini ile ramani ya dukani na nikajua nimekosea. Niliendelea kutafuna. Yeye akaingia chumbani kutandika, nami nikamsikia akikariri huku anakung'uta shuka: Atlas kusini, Drakensberg kaskazini. Atlas kusini. Shuka lenyewe lilikuwa la kunitandikia mimi.

Nikasimama mlangoni. "Dada, ulikuwa sahihi wewe. Atlas iko kaskazini. Mimi si mwalimu, shule niliishia darasa la sita."

Akaacha kukung'uta. "Ungeniacha niende hivyo kesho?"

Nilitazama miguu yangu, iliyokuwa na tope la uani kwao.

Bibi alikuwa amesikia. "Basi kitanda cha mwanangu kiacheni," alisema. "Mvua hii hatumfukuzi mtu. Jikoni kuna mkeka."

Nikashukuru kwa sauti ambayo hata mimi sikuipenda. Jikoni kulikuwa na joto na moshi, na mikungu ya ndizi ilikuwa imeegemezwa ukutani. Nikatandika mkeka karibu nayo. Ng'ambo ya ukuta yule mwanamke alianza tena kusoma, taratibu, akirudia kila jina kama mtu asiyeamini tena alichokuwa anakijua. Kulikuwa na majina niliyoyajua vizuri kabisa. Hakuniuliza, nami sikuthubutu kumwitikia.