Vyandarua Vitatu

Kila nikifungua chandarua kipya, ile harufu kali ya dawa inanirudisha kihambani, kwenye migomba ya nyumbani kwa bibi.

Mama alikuwa ameshazikwa pale pale, kando ya kahawa. Mjomba, aliyesomea filamu na aliyewahi kumrekodi mama akiwa hai, alitundika vyandarua vitatu vipya, kimoja nyuma ya kingine, akangoja jua lizame. "Kwenye kitambaa kimoja picha ni bapa," alituambia. "Hapa mtaona ina ndani."

Akawasha mashine ya kuonyeshea filamu. Mama akatokea, amejitwisha majani ya ng'ombe, anatembea kuja kwetu. Kwenye chandarua cha kwanza alikuwa mdogo lakini dhahiri, hata vifungo vya blauzi vilionekana. Kwenye cha pili alikuwa mkubwa, amefifia. Kwenye cha tatu migomba ilipenya kifuani mwake.

Bibi akainuka, akachuma jani la sale. Kwetu, ukiletewa sale huwezi kukataa kusamehe, na yeye na mama walikuwa hawasemezani hadi mama alipofariki. Akafunua chandarua cha kwanza, akaingia.

"Mama, hiyo ni picha tu," mjomba alimwambia bibi.

"Nyamaza. Si huyo anakuja?"

Alipofika cha tatu alinyoosha mkono, na kivuli chake mwenyewe kikamfunika mama.

"Mwanangu, pokea basi," alikiambia kile kivuli.

Filamu ikaisha. Ukabaki mwanga mweupe, na bibi ameshika jani. Hakuna aliyethubutu kuzima mashine.