Mstari wa Maji Ukutani Kwetu

Nilipokuwa mtoto kule Kawe, niliogopa fito kuliko mbwa wa jirani. Si fito ya kuchapia, ile ya kupimia. Bibi, mama yake baba, alikuwa ametuaminisha kwamba anayepimwa kwa fito ni maiti tu, ili kaburi lichimbwe kwa urefu wake. Aliye hai hapimwi. Hata tuliposimama mlangoni kupimana nani mrefu, alitutimua kwa ufagio.

Basi fikiria balaa lililoingia nyumbani mama alipopata kazi ya kuipima bahari.

Watu wa ofisi moja ya mjini walikuwa wamesimamisha nguzo yenye namba kwenye gati dogo karibu na kwetu, wakatafuta mtu wa kusoma maji yamefika wapi yakijaa na yakipwa, kisha awatumie namba kwa simu. Mama aliidaka kazi hiyo. Alikuwa na mimba ya mdogo wangu, na bibi alikosa raha kabisa.

"Mama Mwanaidi, bahari ina wenyewe," alimwambia. "Ukiipima, nayo itakupima. Na una mtu tumboni!"

"Mama, mie nasoma namba tu. Fito wamesimamisha wao."

"Hao wanakaaga huko mjini. Anayelala hapa ni wewe."

Majirani nao wakaanza kumkwepa. Mmoja alikuja kuchukua kinu chake alichotuazima, akaishia mlangoni. Mama aliumia, nilimwona, lakini gatini alienda. Mie nilimwombea kila alipotoka, maana bibi nilimwamini mzima mzima.

Ikaja asubuhi ya bamvu, yale maji makubwa ya mwezi mpevu, na upepo ulikuwa umechachamaa. Mama alipotoka baada ya swala, bibi alimfuata ili amrudishe, nami nikawafuata. Tulimkuta ameinama ukingoni mwa gati. Wimbi likapiga, likamvua kanga ya mabegani na kwenda nayo. Bibi akapiga ukelele, akamkamata mama kiunoni.

"Si nilikwambia? Imeanza na nguo!"

Mama alikuwa anatweta, maji yanamchuruzika, lakini kidole kilielekea kwenye nguzo. "Mama, tazama. Hayajawahi kufika hapa tangu nianze. Alasiri yanarudi, na upepo huu hautulii. Yataingia majumbani."

Bibi aliitazama ile namba, asiyojua kuisoma, kisha akamtazama mama usoni. Alijua kwamba mama akienda kuwaambia majirani, hakuna atakayemsikiliza. Akaenda kugonga milango mwenyewe.

"Inueni magodoro! Watoto wapelekeni barabarani juu! Bahari inakuja, mkamwana wangu kaiona!"

Neno hilo, mkamwana wangu, alilitamka kwa majivuno ambayo sijayasahau.

Alasiri maji yaliingia mpaka uani, yakazima jiko, yakaacha mstari wa matope ukutani. Hakupotea mtu. Kesho yake kinu kilirudi, na mwenyewe akaingia mpaka ndani. Bibi alikuwa akionyesha ule mstari kwa furaha: "Nilisema itatupima. Si imetupima?" Akakataza usipakwe chokaa. Mdogo wangu alipozaliwa salama, bibi akamwita Kipimo, na leo ana ndevu lakini mtaani hana jina lingine.

Siku hizi kazi yangu ni kuchora chati za maji kupanda na kushuka. Siku ile imo humo, kinundu kidogo tu, na kila nikikiona najivuna bila aibu. Wenye macho ya ofisini wanaona namba. Mie namwona mama aliyelowa na bibi aliyemshika.

Bibi tumeshamzika. Fito ya kumpimia ilipoletwa, nilikwenda uani nikasimama kwenye mstari wake. Zamani ulinifika kiunoni, sasa unanifika pajani. Nililia pale, na woga wangu wa fito ukaniishia hapo hapo. Alikuwa na haki ya kuogopa, na alipoogopa hakujifungia ndani.

Bamvu kubwa la karibuni lilipokaribia, niliwapigia simu nyumbani mapema, kisha nikaenda. Maji yaliupita ule mstari. Nilipokuwa nachora mwingine juu yake kwa mkaa, mama alicheka akiikumbuka asubuhi yake ya gatini. Mlango kwa mlango, watu walikuwa wameshainua magodoro, kwa sababu tangu asubuhi Kipimo alikuwa amezunguka mtaa mzima akipaza sauti: "Dada yangu kaiona!"