Jicho na Sura ya Tano

Kazini walimwita Jicho, na jina lilimkaa kama kiatu cha kupimiwa. Mpe picha ya barabara yenye ukungu. Wengine wataona ukungu tu. Yeye atakuonyesha mwendesha baiskeli, mbwa, na mtoto aliyejibanza nyuma ya nguzo. Anachora kisanduku kuzunguka kila kitu, anaandika ni nini, kisha picha nyingine. Miaka sita, picha juu ya picha. Maana mashine za akili bandia hazizaliwi zikimjua mbwa. Kuna watu wameketi mahali wanazifundisha, na mmoja wao ni huyu mama wa watoto wawili, miwani imefungwa kwa uzi.

Sasa kulikuwa na mwandishi, mwanamke aliyeandika vitabu vitatu, vyote kuhusu akili bandia na inavyogeuza maisha ya watu. Kwa kile cha tatu alikaa na Jicho alasiri mbili, anauliza, anaandika. Kitabu kikatoka. Sura ya tano yote ilikuwa ofisi yao: sekunde kumi na mbili kwa picha, chooni kwa ruhusa, picha za maiti bila onyo. Jina la kampuni halikuwekwa. Lakini ukishataja pembe na kwato na mkia, nani hamjui ng'ombe?

Jumatatu meneja akamwita. Kijana wa shati lililopigwa pasi mpaka linakata.

"Dada Jicho, umetuponza." Akasukuma karatasi. Ilikuwa na sentensi moja: yote yaliyoandikwa katika sura ya tano ni uongo. Chini yake, pa kusaini. "Mkataba wako unaisha Ijumaa. Ukisaini, tunaendelea. Usiposaini, mimi sijui."

"Unajua."

"Najua nini?"

"Unajua, meneja. Usiseme hujui."

Jicho akaikunja karatasi, akaondoka nayo.

Nyumbani alikuwepo kaka yake, kinyozi, mtu wa utani hata msibani. "Dada yangu yumo kitabuni, na nyumba haina hata rafu ya kukiweka!" Aliposoma karatasi, utani ukamkauka. "Saini bwana. Saini haiumi. Watoto wako shule gani watasoma, ya kuchonga maneno?"

"Sijakisoma vizuri, kaka. Nitasaini vipi kitu sijakisoma?"

Akachukua kalamu mbili za binti yake, nyekundu na ya kijani, akaketi mezani na kitabu. Na hapa ndipo ungemjua mtu wa kazi ile. Hakusoma kama wewe na mimi. Alikisoma kitabu kama picha. Kila jambo akalichorea kisanduku: kijani, lipo; nyekundu, halipo. Kalamu ya risasi akaiweka kwa lile ambalo hana hakika nalo. Ndiyo sheria ya ofisini, na ndiye aliyewafundisha wapya: usiandike "halipo" kwa sababu umechoka kutafuta.

Alipomaliza, kijani thelathini na moja. Nyekundu mbili. Risasi moja.

Zile nyekundu zikampandisha mori. Akampigia mwandishi simu.

"Mwandishi, umeandika nililia."

"Dada, niliona macho yamelowa..."

"Nilikuwa na mafua! Halafu umeandika sijui kazi yangu ni ya nini. Nani alikueleza mashine inavyojifunza? Si mimi? Au ulisikia kwa kinyozi?"

"Mimi nimekosea nini?" kinyozi akanong'ona.

Mwandishi akasema pole, atarekebisha toleo lijalo.

"Rekebisha. Mimi si wa kuhurumiwa, mimi ni fundi."

Jumatano akaingia kwa meneja na karatasi yake mwenyewe, mwandiko umenyooka kama mstari wa mbegu. Mambo thelathini na moja, kweli. Mawili, uongo, na mwandishi ameshaambiwa.

"Sikuomba mtihani," meneja akasema. "Niliomba saini."

"Subiri, bado hili moja." Akaweka kidole. "Kitabu kinasema zile picha za watu wanaopita ua wa waya mpakani usiku, tunazozichorea visanduku, zinafundisha mashine ya kuwasaka. Mimi sina hakika. Wewe una hakika. Niandike lipo au halipo?"

Meneja akaangalia dirishani. Kule nje hakukuwa na kitu, ukuta tu.

"Sema tu, meneja. Neno moja."

"Hiyo siyo kazi yako."

"Nimewachorea visanduku miaka sita. Ni kazi ya nani?"

Jicho akalisukuma tamko lao kurudi, tupu, halina hata nukta. "Hilo sisaini. Hii yangu, gonga muhuri kuwa umeipokea."

"Sigongi."

"Basi nakaa."

Akakaa. Meneja akapiga simu, akapokea simu, akafungua faili, akafunga. Jicho yupo, mkoba magotini, kama aliyemleta mtoto hospitali na haondoki bila daktari. Nusu saa. Mwisho meneja akagonga muhuri kwa kishindo mpaka kikombe kikaruka. "Nenda! Ijumaa usije."

"Ahsante. Na Alhamisi?"

"Usije!"

Akapita ukumbini, vichwa vyote vimenata kwenye vioo vya kompyuta lakini masikio yamesimama. Akaenda duka la jirani, akatoa nakala sita, akarudi mlangoni kabla mlinzi hajaambiwa lolote. Maana watu sita walikuwa kwenye foleni ya kuitwa wasaini tamko lile lile. Kila mmoja akampa nakala yenye muhuri. "Soma kwanza. Uliloliona lipo, lipo."

Wanne walisaini. Wana watoto, wana wazazi, na Jicho hakumnunia hata mmoja. Wawili walikataa: bwana mmoja mpole ambaye hakuwahi kubisha hata bei ya nyanya, na binti wa mwezi wa tatu kazini. Walitoka pamoja, wamebeba vikombe vyao vya chai. Jicho alikuwa bado amesimama getini.

"Sasa tunaenda wapi, mama?" binti akauliza.

"Kwa mwandishi. Anaandika kitabu cha nne, na safari hii tutakisoma sisi kabla hakijachapwa."