Nilivyoihamisha Kaktasi ya Mama Jayesh kama Kabeji

Aibu hii naiandika mwenyewe, kwa sababu kila anayeisimulia kule Mbale anaongeza lake, na ukweli peke yake unatosha kunifedhehesha.

Wahindi walipofukuzwa, jirani yetu wa Jinja, Mama Jayesh, alimwachia bibi yangu kaktasi aliyoiotesha mwaka alioolewa, ikiwa ndani ya debe la mafuta ya kupikia. Habuba (ndivyo sisi Wanubi tunavyomwita bibi) alimwahidi kwamba ataikuta. Vita vilipokuja tulikimbia mara mbili na kurudi mara mbili, na kila mara debe lilitoka nje kabla ya sufuria. Sasa vita vimekwisha, Wahindi wameanza kurudi, na Mama Jayesh amerudishiwa nyumba ya familia yao Mbale na ametualika siku ya kuifungua. Mnajua watu walivyotutazama Wanubi miaka ile, kwa kuwa askari wengi wa utawala uliowafukuza Wahindi walitoka kwetu, kana kwamba kila kilichopotea nchini kipo chini ya vitanda vyetu. Heshima yote ya Habuba ilikuwa ndani ya lile debe.

"Ipeleke na debe lake," akaniambia.

Lakini debe lilikuwa limeliwa na kutu, na mimi ni mtu wa kupiga pasi hata vitambaa vya kufutia vumbi. Wiki mbili kabla ya safari, Habuba alipokwenda msibani Bugembe, nikaihamishia kwenye chungu kipya, kikubwa, cha kung'aa. Bustani nilijifunza mwenyewe kutoka kitabu kisicho na jalada nilichookota sokoni, na kitabu chenyewe kilikuwa cha kabeji. Nikakifuata neno kwa neno: nikaosha mizizi, nikakata iliyozidi, nikajaza mbolea ya ng'ombe, nikamwagilia asubuhi na jioni (na ilikuwa masika, kwa hiyo mvua nayo ikamwagilia).

Habuba aliporudi alikitazama chungu, akanitazama mimi. "Umeshafanya," akasema, basi.

Siku ya safari niliifunga kwa mablanketi mawili na mafundo kumi na moja, isichubuke. Kwenye kizuizi cha barabarani askari akaingia ndani ya basi, akaona kitu kirefu kimefunikwa.

"Wewe dada, hii nini? Bunduki?"

"Kaktasi, afande. Ina miiba."

"Mimi naogopa miiba? Fungua!"

Mafundo kumi na moja, jamani. Abiria wote wameteremshwa, jua linawaka, mama mmoja anauliza kwa sauti kama ninafungua zawadi ya harusi. Blanketi la mwisho lilipoanguka, askari akaishika chini kabisa kwa kiganja kizima, akapiga yowe, na hakuna aliyethubutu kucheka. Habuba akamchomoa miiba kwa kucha, mmoja mmoja, akimwambia, "Tulia, mwanangu," na yule mtu na bunduki yake akatulia.

Alipokuwa akiondoka akanigeukia. "Dada, hii kitu yako imeoza chini. Kwetu ziko nyingi, mimi najua."

"Ndivyo zilivyo, afande," nikamjibu. Nilimjibu hivyo! Mwanafunzi wa kabeji.

Mbale tulikuta baraza limejaa wageni, viatu vimepangwa mlangoni, sinia la ladu, vile vitamutamu vya Kihindi, katikati. Habuba alijinyoosha kama bibi harusi. "Mama Jayesh, amana yako hii."

Mama Jayesh akaja analia, akanyoosha kidole kuigusa, na kaktasi ikaanza kuinama, polepole, kwa adabu, kama inayomsalimia, kisha ikakatika shinani na kulala kifudifudi juu ya ladu. Maji ya kahawia yakatiririka. Harufu yake siisemi.

Mgeni mmoja akamnong'oneza mwenzake, na sote tukasikia: "Hata mti mmoja wameshindwa kutunza."

Nikamwona Habuba anapungua ndani ya gauni lake. "Nisamehe," akaanza, "nilikuwa..."

"Ni mimi!" nikapayuka. "Yeye alikataza! Niliosha mizizi, nikaweka mbolea, nikamwagilia kila siku!"

"Kila siku?" Mama Jayesh akafuta machozi. "Na mbolea? Wewe toto, umepanda kaktasi kama kabeji?"

Nilitamani sakafu inimeze. Alinikaripia mbele ya baraza zima: kaktasi inahamishwa kiangazi, udongo uwe mkavu wenye mchanga, chungu kizidi kidogo tu cha zamani, na wiki nzima usiipe hata tone, mpaka vidonda vya mizizi vikauke. Kisha akaagiza kisu, akaikata juu ya palipooza mpaka nyama ikawa kijani safi, akaisimamisha kando ya mwili wake. Ilimfika kifuani.

"Niliiacha inanifika goti," akamwambia yule mgeni. "Nani ameikuza, wewe?"

Akaigawa vipande viwili, kimoja chake, kimoja cha Habuba, na mimi nikapewa kazi: kukilaza cha kwetu kivulini siku kumi bila kukigusa, bila kukigeuza, bila maji. Sijawahi kufanya kazi ngumu kama ile ya kukaa mikono mapajani nikitazama kidonda kikikauka. Siku ya sita nilikuwa nimeshika kikombe cha maji.

"Kinywe mwenyewe," Habuba akasema, bila kugeuka.

Nikakinywa.